Nyumba ya milioni 5, mimi ilinitoka milioni 10 na ushei

Ijumaa iliyopita natoka msikitini naangalia simu, mpwa wangu kanipigia mara tatu. Namrudishia, sauti iko juu, "Mjomba, mogeji yangu imepita!" Nikamwambia hongera, mashallah, haya nipe habari kamili. Akanipa. Nyumba ya vyumba vitatu huko Bamburi, sacco yao inampa mkopo wa milioni 4, riba asilimia 9.5 na haibadiliki, miaka 25, kwa mwezi analipa elfu thelathini na tano tu. Hio "tu" ndio ilinifanya nivute kiti nikae. "Mjomba, saa hii kodi yenyewe nalipa elfu thelathini, si ni kama bure?"

Nikamuuliza, jumla utalipa ngapi? Akanyamaza kidogo, akasema elfu thelathini na tano kwa mwezi. Nikamwambia hio nishasikia bwana, mimi nauliza siku ile unakabidhiwa hati yako mkononi, mfukoni zitakuwa zimetoka ngapi? Akasema hio hakuna mtu alimwambia.

Na mimi hakuna mtu aliniambia, ndio nikaona afadhali niandike yote hapa, manake kwa simu nlianza kumueleza nikaona napandwa na hasira za mwaka 2012 na yeye mwenzangu yuko kwenye furaha yake.

Sisi nyumba yetu tulinunua mwisho wa 2010, Tudor hapa Mombasa, ghorofa ya pili, vyumba vitatu, bei milioni 5. Tulikuwa na milioni moja ya kutanguliza, nusu akiba yangu ya sacco, nusu nyengine tulikwangua huku na huku, na mle ndani kuna bangili mbili za dhahabu za mke wangu ambazo mpaka leo nakumbushwa kila kukiwa na harusi. Zilobaki milioni 4 nikaenda kukopa benki. Nlikuwa nafanya kazi kwa kampuni ya kutoa mizigo bandarini, mshahara si haba, nikajiona mtu mzima.

Kijana wa benki akanipokea vizuri sana, akabonyeza bonyeza kikokotoo chake halafu akakigeuza upande wangu nikisome mwenyewe: 53,270. Riba asilimia 14, miaka 15. Nikaona namba moja tu, nikaipima na mshahara, nikaona yaingia. Hapo ndipo watu wote tunapoanguka, tunaulizana "kwa mwezi ni ngapi" kama vile tunanunua sofa, na benki nayo inajua kabisa kwamba ukishajibiwa hilo swali hutauliza la pili.

Barua ya mkopo ilikuja na jedwali refu nyuma, kurasa kadhaa za namba ndogo ndogo. Sikuisoma. Aliyeisoma ni mke wangu, usiku, baada ya watoto kulala, akaniita. "Hebu njoo uone hapa." Mstari wa kwanza, malipo ya mwezi wa kwanza: riba 46,667, deni lenyewe 6,603. Yaani katika ile elfu hamsini na tatu, zinazogusa deni ni elfu sita na kitu, zote nyengine ni za kumshukuru benki kwa kunikopesha. Nikamwambia labda wamekosea. Hawakukosea. Chukua milioni 4, asilimia 14 yake ni 560,000 kwa mwaka, gawanya kwa miezi 12, ni 46,667. Riba hupigwa juu ya deni lilobaki, na mwanzo deni ni zima, basi riba ndio inakula kwanza, shibe yake, halafu makombo ndio yanapunguza deni. Miaka inavyokwenda makombo yanakuwa makubwa, lakini inavyokwenda taratibu utazeeka. Na chini kabisa ya ukurasa wa mwisho kulikuwa na jumla: 9,588,546. Kwa mkopo wa milioni 4. Tena hio ni kama riba itabaki asilimia 14 miaka yote 15, na kwenye mkataba, kifungu sikumbuki cha ngapi, iliandikwa benki inaweza kuibadilisha wakati wowote kwa kutoa notisi. Nikatia sahihi.

Kabla hata sijapewa ufunguo, pesa zishaanza kutoka. Ushuru wa stempu kwa nyumba ya mjini ni asilimia 4 ya bei, hapo laki mbili zimekwenda serikalini. Benki ikachukua ada yake ya asilimia moja ya mkopo, elfu arubaini. Mthamini wa nyumba elfu ishirini. Ushuru wa kusajili rehani yenyewe, elfu nne. Mawakili wawili, wangu na wa benki, na wote wawili nalipa mimi, yaani namlipa mtu anayemtetea mwenzangu dhidi yangu. Ukijumlisha ni kama laki tatu na nusu, na hizi hakuna mkopo wake, ni taslimu. Halafu kila mwaka bima mbili, ya nyumba isiungue na ya mimi nisife deni halijaisha, kama elfu ishirini na nane hivi kwa mwaka. Savisi chaji ya bawabu, pampu ya maji na taka siihesabu hapa, hio hata mpangaji huilipa kwa njia moja au nyengine.

Basi mke wangu akanunua daftari la Kasuku la kurasa 200, akachora mistari kwa rula. Tarehe, tulicholipa, riba, deni lilobaki. Kila mwezi. Hilo daftari liko mbele yangu saa hii, jalada lake limebakia nusu, na namba zote ninazoandika hapa zatoka humo.

Mwaka wa kwanza, 2011, tukalipa miezi kumi na mbili bila kukosa. Jumla 639,240. Deni likashuka kwa shilingi elfu themanini na nne na mia tano. Isome tena polepole. Laki sita na elfu thelathini na tisa zimetoka, deni limepungua elfu themanini na nne.

Na tena huo ndio ulikuwa mwaka mzuri.

Wale mnaokumbuka mwisho wa 2011 mnakumbuka. Shilingi ilianguka mpaka dola moja ikafika karibu 107 mwezi wa Oktoba, bei za vyakula zikapanda, mfumuko wa bei ukakaribia asilimia 20, na Benki Kuu katika kuizuia shilingi ikapandisha riba yake kutoka asilimia 7 Septemba hadi 11 Oktoba, 16.5 Novemba, 18 Disemba. Miezi mitatu. Mimi hayo nlikuwa nayaona kwenye habari saa moja usiku kama mambo ya watu wa Nairobi wenye tai. Januari ikaja barua, "Mpendwa mteja", aya mbili, kwamba kutokana na hali ya soko riba ya mkopo wako sasa ni asilimia 22.

Nikachukua kikokotoo nikafanya ile hesabu ambayo sasa nishaijua. Deni lilobaki 3,915,477, mara asilimia 22, gawanya kwa 12. Ni 71,784. Hio ni riba peke yake. Yaani ile 53,270 yangu ya kila mwezi hata riba haifikii, ningeendelea kulipa vile vile deni lingekuwa linapanda badala ya kushuka, nakatwa mshahara kila mwezi na nazidi kudaiwa. Malipo mapya yakawa 75,345. Elfu ishirini na mbili zaidi, ghafla, na mshahara uko pale pale.

Nikaenda benki. Si yule kijana wa kikokotoo, alishahamishwa, ni mwengine, mama mmoja mtaratibu. Akaniambia kuna njia, tunaweza kukuongezea muda, badala ya miaka 14 ilobaki tukuandikie 20. Nikafurahi. Nikamuuliza malipo yatakuwa ngapi, akapiga hesabu, 72,713. Nikamwambia rudia. Akarudia. Miaka sita zaidi ya kulipa, ili nipunguziwe elfu mbili na mia sita kwa mwezi! Ndipo nikaelewa kitu ambacho kingenisaidia kukijua mapema: riba ikiwa juu hivyo, malipo karibu yote ni riba, sasa ukirefusha muda unarefusha nini? Deni lenyewe hulipi, unakuwa mpangaji tu. Nikamshukuru nikatoka.

Mwaka ule wa 2012 tulikula maharage, wacha nisiseme uongo. Mtoto wa pili tulimtoa shule ya kulipia tukampeleka ya serikali, mke wangu akaanza kupika mahamri na mbaazi za kuuza asubuhi, na mimi gari nikaliuza. Mwisho wa mwaka daftari lasema: tumelipa 904,140, deni limeshuka elfu arubaini na saba. Miaka miwili, zaidi ya milioni moja na nusu imetoka, na deni limetoka milioni 4 likafika milioni 3.87.

Marehemu mamangu siku zile alikuwa akinitazama tu. Yeye tangu mwanzo hakupenda, alisema riba haina baraka mwanangu, na benki za Kiislamu zipo hapa hapa Mombasa, kwa nini usiende huko. Kusema kweli nlienda. Wao hawakukopeshi, wananunua nyumba pamoja na wewe, wewe unawalipa kodi ya fungu lao na huku unalinunua fungu hilo kidogo kidogo mpaka nyumba inakuwa yako yote. Kwa dini ni jambo jengine kabisa na siwezi kulinganisha, lakini kwa pesa, ile karatasi walonipa mwaka ule jumla yake haikuwa mbali sana na ya kule kwengine, basi kwa akili zangu za wakati ule nikaona afadhali kule ambako mshahara wangu unapita. Anayekwambia upande huo ni bei poa hajaona karatasi. Nenda kwa sababu ya imani yako, na jumla uliza vile vile.

Lakini kuna neno jengine mama alilisema ambalo sikulisahau. Sisi watu wa hapa tunajua nyumba bila ardhi. Babu yangu, huko mtaa wa Majengo, alijenga nyumba kwenye kiwanja cha mtu, nyumba ya Kiswahili ya vyumba sita, kila mwezi akipeleka kodi ya ardhi, miaka na miaka, na kuta ni zake, mabati ni yake, lakini mchanga ulio chini si wake na mwenye mchanga akiamua kuuza basi wewe na mabati yako mtajuana. Mama akasema, "Wewe umesoma, umetoka Majengo, umekwenda kupanda ghorofa ili uwe kama babu yako." Nlikasirika sana siku ile. Alisema kweli. Hati iko kwenye sefu ya benki, jina langu limeandikwa lakini juu yake kuna rehani, na nikikosa kulipa kuna notisi ya siku 90 halafu ya siku 40 halafu dalali na kipaza sauti.

Riba ilipopanda ilijaa kama maji ya bamvua, usiku mmoja yako kizingitini. Kupwa sasa ikawa ya kubembelezwa. Benki Kuu ilishusha yake toka asilimia 18 katikati ya 2012 mpaka 8.5 kufikia Mei 2013, mimi benki yangu ikanishushia mpaka 18 na ikasimama hapo, malipo 64,328, miaka mitatu na miezi tisa. Kila nikiuliza naambiwa gharama za fedha bado ziko juu. Juu wapi?

Kilichonitoa hapo ni sheria, si huruma ya mtu. Mswada ule wa Jude Njomo, mbunge wa Kiambu Mjini wakati huo, rais akautia sahihi Agosti 2016, kwamba benki isizidishe asilimia 4 juu ya riba ya Benki Kuu. Riba ya Benki Kuu mwisho wa Septemba ilikuwa 10, basi yangu ikashuka mpaka 14 kwa nguvu. Wataalamu wakasema ni sheria mbaya, watu wadogo watanyimwa mikopo, na nadhani hawakukosea sana, iliondolewa Novemba 2019. Lakini mimi nlikuwa nishakopa, basi kila mtu na anavyolia.

Siku barua ya kushushiwa riba ilipofika nikafungua daftari nikajumlisha tangu mwanzo. Tulikuwa tumelipa 4,438,140. Zaidi ya tulichokopa. Na deni lilobaki lilikuwa 3,467,060. Miaka mitano na miezi tisa, milioni nne na laki nne, na lilopungua ni laki tano na elfu thelathini na mbili.

Malipo mapya yalikuwa yashuke mpaka 55,866. Mimi nlitaka kushusha, nlikuwa nishaanza kutafuta gari. Mke wangu akakataa. Akasema tushazoea elfu sitini na nne, tuendelee kutoa elfu sitini na nne. Tukabishana kama wiki hivi, nikashindwa, na namshukuru Mungu nlishindwa. Zile elfu nane na mia nne zaidi kila mwezi zilikuwa hazigawanywi na mtu, riba ishakula shibe yake kwenye yale malipo ya kawaida, basi hizi zote zaenda kwenye deni lenyewe moja kwa moja. Hilo tu lilikuwa linapunguza miaka miwili na ushei mwishoni. Ila angalia hapa, andika barua. Miezi miwili ya kwanza benki iliziweka zile za ziada kwenye akaunti kama malipo ya mbele, zimekaa tu, deni halijaguswa. Ilibidi niende na barua iliyoandikwa waziwazi kwamba zipunguze deni, nikagongewa muhuri kwenye nakala yangu, ndio wakarekebisha kuanzia mwanzo.

Jengine ambalo nalitaja kwa aibu. Kenya ukinunua nyumba kwa mkopo na unaishi humo mwenyewe, ile riba unayolipa inatolewa kwenye mshahara kabla ya kupigwa kodi. Zamani kikomo kilikuwa 150,000 kwa mwaka, kuanzia 2017 ikawa 300,000, na tangu mwisho wa Disemba 2024 ni 360,000. Mimi nimekaa miaka mitatu mizima sijui. Siku moja mwenzangu kazini ananionyesha hati yake ya mshahara, namuuliza hii nini, ananiambia kwani wewe hukuleta barua ya benki kwa ofisi? Kodi ya elfu arubaini na tano kwa mwaka, mara tatu, zilikwenda na maji hivyo hivyo. Baada ya hapo mpaka namaliza zilinirudia kama laki nne kwa jumla. Barua yenyewe ni ukurasa mmoja.

Machi 2018 ndugu zangu na mimi tukauza kiwanja cha urithi Mtwapa, fungu langu likawa milioni moja na chenji. Kila mtu alikuwa na wazo, nunua matatu, nunua kiwanja chengine Vipingo, weka hisa. Tukaingiza milioni nzima kwenye deni. Hesabu yangu ni kwamba ile milioni moja ilituokolea kama laki nane na nusu za riba ambazo tungelipa baadaye, na hakuna matatu ninayoijua mimi inayoleta faida hio bila kugonga mtu.

Korona ilipokuja 2020 benki zilikuwa zinatoa nafasi ya kusimamisha malipo miezi kadhaa. Jirani yangu wa ghorofa ya chini aliichukua, alikuwa hana la kufanya, hoteli zote zimefungwa. Lakini riba haikusimama nae, ilikuwa inahesabiwa kila siku na kurundikwa juu ya deni, aliporudi kazini malipo yake yalikuwa makubwa kuliko alipoyaacha. Alidhani amesamehewa.

Sisi tukamaliza Mei 2021. Malipo ya mwisho nlienda mwenyewe na mke wangu, tumevaa kama twaenda kuposa, na benki hakuna aliyejua kwamba ni siku kubwa. Msichana wa dirishani akagonga muhuri akasema anayefuata. Na hati hatukupewa siku ile, kwani kuondoa rehani nako kuna wakili wake, fomu yake, ada yake, msajili wa ardhi na foleni yake. Ilichukua miezi minne. Ilipokuja mke wangu aliiweka kwenye foronya ya mto, alikataa kuilaza pengine popote kwa wiki nzima.

Sasa jumla, toka kwa daftari. Malipo ya mkopo yote, pamoja na ile milioni ya Mtwapa, 9,040,508. Ya kutanguliza milioni moja. Gharama za mwanzo laki tatu na nusu. Bima za miaka kumi na ushei, kama laki tatu. Milioni 10 na laki sita na elfu tisini, kwa nyumba ya milioni 5. Na kama tungefuata tu barua za benki bila kuzidisha hata shilingi, malipo ya mkopo peke yake yangefika milioni 10.6 na tungemaliza Disemba 2025.

Kuna mtu atasema ungepanga. Sijui. Mwaka 2010 kodi ya nyumba kama hii Tudor tulikuwa twalipa elfu ishirini na tano, wakati tunamaliza jirani anayepanga alikuwa analipa elfu arubaini na mbili, ukipiga hesabu ya miaka ile yote ni kama milioni nne ambazo zingekwenda kwa mwenye nyumba na zisirudi. Na elfu sitini na nne ya 2021 haikuuma kama ya 2013, mshahara ulipanda, pesa ilishuka thamani, deni ni lile lile, hapo mkopaji anapata nafuu kidogo. Madalali waniambia leo naweza kupata milioni 8 na nusu. Kwa hio sijuti, lakini sijasema nimepata faida, na yule anayesema nyumba haipotezi pesa mimi nataka anionyeshe daftari lake.

Narudi kwa mpwa wangu. Yeye ana bahati ambayo mimi sikuwa nayo, ile kampuni ya kufadhili mogeji iliyoanzishwa 2018, KMRC, inazikopesha benki na sacco pesa za bei nafuu, ndio maana sacco yake inaweza kumpa asilimia 9.5 isiyobadilika. Hakuna Januari ya barua ya "Mpendwa mteja". Hilo peke yake lina thamani kubwa kuliko anavyojua.

Lakini miaka 25! Nilimpigia hesabu nikamtumia. Milioni 4 kwa asilimia 9.5, miaka 25, ni 34,948 kwa mwezi, jumla 10,484,400. Mkopo ule ule, riba ile ile, miaka 15, ni 41,769 kwa mwezi, jumla 7,518,420. Angalia vizuri, jumla yake kwa riba ya 9.5 ya miaka 25 inazidi ile jumla ya mwanzo nlioandikiwa mimi kwa asilimia 14 ya miaka 15. Wakati nao ni bei. Tofauti kwa mwezi ni 6,821, tofauti mwishoni ni karibu milioni tatu.

Nikamwambia kama sacco wanakataa miaka 15 kwa sababu ya mshahara, chukua hio 25 lakini waulize kwanza kama wanatoza faini ukilipa mapema, wakisema hakuna basi jilipishe mwenyewe kama wa miaka 15, na mwezi ukibanwa unarudi kwenye 34,948 bila kugombana na mtu. Na barua, usisahau barua.

Hakujibu siku mbili. Jana usiku akanitumia picha ya Excel, safu mbili, ya kijani na nyekundu, namba zake ni zile zile zangu. Chini ya ile 6,821 ameandika: kifurushi cha intaneti, nyama choma Jumapili, usafi wa gari. Halafu mstari mmoja wa mwisho umeandikwa na mtu mwengine, najua manake mpwa wangu hawezi kuandika herufi zote ndogo: "na bia zake, mjomba, amezificha hajaziandika."